Mkono Uliosimama

Leeds, 3 Julai 2024

Mwalimu wangu Bi Mwanapili,

Shikamoo. Nimefika salama, alhamdulillah, ila sanduku moja limepotea njiani, na ndilo lililokuwa na vileja ulivyonifungia. Nimelia kwa vileja kuliko kwa nguo.

Nakuandikia barua kama ulivyoniamrisha, maana umesema masikio yako hayataki tena simu, unasikia mvumo tu. Amne wa duka la fotokopi pale Darajani ameahidi kukutolea kwenye karatasi kila nitakachotuma, na kunipigia picha utakachoandika wewe. Tafadhali andika kwa wino, si kwa ile penseli yako ya chuoni uliyokuwa ukitugongea vidole tukikosea kusoma Kurani.

Nimeanza kuikata filamu. Nyote mmo ndani: wewe, wanawake unaowafundisha kuosha maiti, pipa la maji ya mkunazi, na ua wa nyumba ya Bi Borafya pale Vuga. Unajua kwa nini naitengeneza. Baba alipofariki, mfanyakazi mwenzangu hapa, mtu mwema kabisa, aliniuliza kama ni kweli sisi Waislamu tunamfukia mtu haraka kwa sababu hatumthamini akishakufa. Anachokijua juu yetu amekipata kwenye televisheni, na huko sisi ni bunduki na kelele, na mwanamke wetu ni kivuli kinachopita nyuma. Nataka akuone wewe, unavyomwosha mtu usiyemjua kama unamkogesha mtoto aliyezaliwa leo.

Kipande nikipendacho kuliko vyote ni pale mama alipolala badala ya mto. Unakumbuka nilivyolalamika? Mnajifunzia kwa mto uliofungwa kanga, na kwenye kamera mto ni mto tu. Mama akasema, "Ntalala mie, mbona mnahangaika?" Wenzake wakapiga kelele kuwa ni mkosi. Akawajibu, "Mkosi wa nini? Kwani mie sitooshwa?" Akalala na nguo zake, uso ukafunikwa, shuka likatandikwa juu yake, nawe ukazungusha kitambaa mkononi ukaanza. Ulipofika ubavuni mkono wako ukasimama chini ya shuka. Ukasimama kitambo, kisha ukaendelea. Sijapata kuona huruma ya namna ile kwenye picha.

Nisalimie mama. Mwambie nitakuja filamu ikimalizika.

Mwanafunzi wako,
Nassra Kheir


Michenzani, 19 Julai 2024

Mwanangu Nassra,

Marahaba. Vileja vile nilivioka kwa samli ya ng'ombe, ya kweli, na sasa vinaliwa na askari wa uwanja wa ndege. Namwombea afya njema, lakini si njema sana.

Jana nilikwenda Kiembe Samaki kumtazama mama yako. Anakusalimu. Anauliza utakuja lini, nami nikamsomea ulivyosema, filamu ikimalizika. Akacheka. Akasema, "Mimba ina miezi yake. Hiyo filamu ina mingapi?" Nimekuletea kama alivyosema.

Huyo mwenzako mwambie hivi: mgeni akipiga hodi hasimamishwi mlangoni. Ndiyo maana tunafanya haraka. Kama hakuelewa, basi na amwache mama yake kwenye barafu mpaka aelewe. Hili la mwisho usimwambie.

Sasa nina ombi. Kile kipande mkono wangu uliposimama, kitoe. Vingine vyote viache, hata pale ninapomgombeza Tahiya kwa kumwaga maji kama anaosha gari. Kile kitoe. Nawafundisha nyote kwamba mwosha analoliona juu ya kitanda linabaki kitandani, zuri ukipenda ulitaje, baya ulizike. Sasa mimi mwenyewe nitawafundishaje watu, na mkono wangu uko kwenye televisheni unasema?

Kula vizuri. Kwenye picha aliyonionesha Amne mashavu yamekwisha.

Mwalimu wako,
Mwanapili


Leeds, 2 Septemba 2024

Mwalimu wangu,

Shikamoo. Nimechelewa kujibu kwa sababu nilikuwa vitani, na sitii chumvi.

Wenye kituo cha televisheni waliitazama filamu mwezi uliopita. Walisema ni nzuri, kisha wakaanza. Kwa nini wanawake hawa hawalalamiki? Wanaruhusiwa kufuata jeneza makaburini? Haya basi, tuweke sauti ya mtu aeleze kwamba hawaruhusiwi. Tuweke muziki mzito. Ua ule una mwanga mno, hatuwezi kuutia giza kidogo? Wallahi mwalimu, ule ua uliojaa jua, wanataka kuutia giza! Nikawaambia mimi nimezaliwa mtaa wa pili kutoka pale, na jua lile nalijua. Wakaniangalia kwa upole, kama mtu anayemwangalia mgonjwa.

Siku ya pili akaja mkubwa wao, mwanamke wa makamo. Nikamwekea kipande kimoja tu, kile unachotaka nikitoe. Bila muziki, bila maneno. Mkono wako umesimama chini ya shuka, uso wako umeinama. Yule mama akavua miwani. Akasema mama yake alikufa hospitali na hajui ni nani aliyemgusa mwisho. Akawageukia wenzake akawaambia filamu isiguswe, iende kama ilivyo.

Basi unaona? Kipande hicho ndicho kilichotuokoa na giza. Nikikitoa, wanarudi na muziki wao. Nisamehe, siwezi. Uso wa mama umefunikwa, hakuna atakayejua ni nani, na wewe hukufanya lolote la aibu. Uliguswa tu na mauti ya rafiki yako, ukasita. Mtu yeyote angesita.

Mama hataki siku hizi kunipigia kwa video, anasema mtandao wa Kiembe Samaki mbovu. Sauti yake iko mbali. Mwambie abadilishe laini.

Nassra


Michenzani, 10 Septemba 2024

Mwanangu,

Nimesoma. Umepigana vizuri, na baba yako angekuwepo angekusifu mbele ya watu wote wa barazani kwake. Mimi pia nakusifu.

Maneno huku yapo. Mume wa mmoja wa wanawake wangu amekuja kuniambia kwamba josho la maiti limefanywa tamasha. Nikamjibu kwamba siku yake ikifika nitamwambia mkewe asipeleke kamera. Hilo halinisumbui. Mwosha huoshwa, na msemaji naye atasemwa.

Lakini Nassra, njoo. Usingoje filamu. Mengine hayaandikiki, tena barua zenyewe zinapita mikononi mwa Amne, ambaye ni mtoto mwema lakini mdomo wake hauna mlango. Njoo, tukae mimi na wewe na mama yako. Ukimaliza utarudi kwa hao wenye muziki wao.

Kama umepata kunitii siku moja chuoni, basi nitii na hii.

Mwanapili


Leeds, 14 Septemba 2024

Mwalimu wangu,

Shikamoo. Barua yako imenihuzunisha, na afadhali niseme kuliko ninune.

Naelewa unachoniitia. Mnataka nije nikae kitako, wewe na mama mniombe kwa pamoja nikitoe kile kipande, na nikishayaona macho yenu nitashindwa kukataa. Unanijua vizuri. Lakini kama wanawake wameanza kuogopa maneno ya waume zao, niambie wazi, nami nitamwandikia kila mmoja. Sikumpiga picha mtu kwa hila.

Nimefanya hivi kwa ajili yenu. Miaka kumi na mbili naishi hapa nikijieleza. Nikifunga Ramadhani, najieleza. Nikivaa mtandio, najieleza. Mara hii sitaki kueleza, nataka watu watazame tu. Nipe nafasi hiyo.

Filamu itaoneshwa hapa Leeds tarehe 23 Oktoba, na lazima nisimame mbele ya watu. Nimekwishakata tiketi. Nitatua Unguja Ijumaa ya tarehe 25, Inshallah. Nitamtumia Amne filamu yote akuoneshee wewe na mama dukani kwake kwenye kioo kikubwa. Itazameni, kisha niambieni kama kuna aibu.

Usinikasirikie.

Nassra


Michenzani, 6 Oktoba 2024

Mwanangu Nassra,

Tumeitazama. Amne alifunga duka, akatuwekea viti na juisi ya ukwaju. Mama yako tulimleta kwa gari.

Hakuna aibu. Ni sisi khasa. Nilipojiona nikitembea nilidhani ni marehemu mama yangu, nikataka kumwamkia. Jua la pale Vuga umelihifadhi vizuri. Mama yako amefurahi sana, sana, na mengine nitakwambia ukija.

Ile habari ya kukitoa kipande nimeiacha. Sikuombi tena.

Lakini Ijumaa ile ni mbali. Ukiweza kuja kabla, njoo.

Mwanapili


Leeds, 20 Oktoba 2024

Mwalimu wangu,

Shikamoo, kwa haraka. Nimeshindwa kubadilisha tiketi, na ukweli ni kwamba sikujitahidi sana, maana ukumbi umejaa na siku zenyewe zimebaki mbili tatu. Yule mwenzangu aliyeniuliza lile swali naye anakuja, atakaa mstari wa mbele! Nitakusimulia atakavyokuwa.

Mwambie mama Ijumaa nataka pweza wa nazi, na asithubutu kumpa mtu mwingine apike. Nimefurahi mno kwamba mmekipenda kile kipande. Nilijua mkikiona mtaelewa.

Nassra wenu


Leeds, 17 Novemba 2024

Bi Mwanapili,

Shikamoo.

Nilipokuja nyumba ilikuwa imejaa watu, na wewe ulikaa na wenye misahafu, kila nikikusogelea unainamisha kichwa kwenye juzuu. Nilidhani unalia. Kisha siku za matanga zikaisha, watu wakatawanyika, na wewe ukapata homa. Sasa nimerudi huku na nadhani ulikuwa unanikimbia.

Nimefika mama ameshazikwa. Najua sheria, najua mgeni hasimamishwi mlangoni, uliniandikia mwenyewe. Nilikuta udongo mbichi na jiwe lisilo na jina bado. Watu waliniambia alikuwa akiumwa "siku nyingi". Kila mmoja alisema hivyo kwa wepesi, kana kwamba mimi pia nilijua. Nikawa naitikia. Niliona aibu kusema sikujua mama yangu anaumwa.

Filamu ilioneshwa bila mimi, nikiwa angani. Yule mwenzangu ameniandikia kwamba alilia na kwamba sasa ameelewa.

Juzi nikakaa kukitazama tena kile kipande. Nimekitazama mara nyingi mno, nakijua kama Fatiha. Mkono wako unafika ubavuni karibu na kwapa, unasimama. Kisha shuka linanyanyuka kidogo. Siku zote nilidhani ni upepo wa feni. Ua ule hauna feni, mwalimu. Nimekua nikicheza humo. Ni mkono wa mama umenyanyuka chini ya shuka, umekukamata.

Ulikuwa umegusa kitu. Ulijua tangu Juni. Yeye alijua, wewe ulijua, na mimi nilisimama na kamera hatua mbili kutoka kwenu nikifurahia mwanga. Nimetengeneza filamu nzima ili watu watutazame vizuri, na mama yangu nimemtazama miezi mitatu, kipande kwa kipande, sikumwona. Mkono ule niliuita huruma. Nikakubishia. Nikaupigania kwa Wazungu!

Na wewe ungeniambia. Neno moja tu. Ungemnong'oneza Amne na mdomo wake usio na mlango, ningepanda ndege siku ileile. Nina hasira na wewe, na ndiyo mara ya kwanza niseme hivi kwa mwalimu wangu.

Naomba unijibu mambo mawili. Kwa nini ulinificha? Na ulipomwosha, mama alikuwaje?

Filamu itatoka kwenye televisheni Januari. Naweza bado kukikata kipande kile. Nimekwishakiweka pembeni, nangoja neno lako.

Nassra


Michenzani, 1 Disemba 2024

Mwanangu Nassra,

Marahaba. Barua hii haipiti kwa Amne. Nampa Nidhi, binti wa Champsi muuza vitambaa, ambaye kwake nanunua bafta za sanda. Anasafiri kuja huko kwa dada yake na ameniahidi atakukabidhi mkononi. Na vileja nimempa. Safari hii havipotei.

Hasira yako nimeipokea. Ni haki yako, na sikuandikii ili uiache.

Naanza na la pili, kwa kuwa ndilo jepesi. Umeniuliza mama yako alikuwaje juu ya kitanda. Sitakujibu, na usiniulize tena maisha yako yote. Nilimwosha kama ulivyoniona kwenye filamu, ila safari hii mkono haukusimama, kwa sababu nilikuwa nshajua. Hapo panatosha.

Sasa hilo la kwanza. Siku ile Vuga niligusa uvimbe chini ya kwapa, mgumu kama kokwa. Mkono ukasimama wenyewe. Mama yako Mayasa akanikamata kifundo cha mkono chini ya shuka. Uso wake umefunikwa, kamera yako iko juu yetu, hawezi kusema neno, akaniminya tu. Tulipobaki wawili akaniambia, "Wewe si mwosha? Basi ulichokiona nisitirie." Nikamwambia, "Nnakusitiri." Ndivyo ilivyonitoka. Wote nilowasitiri hawakupata kuniomba, maana hawana sauti, nami nimezoea kuahidi kwa niaba yao. Mara hii aliyeniomba anapumua, na mimi nikampa mtu aliye hai ahadi ya maiti. Maiti ukimfichia unamhifadhi. Aliye hai ukimfichia unamtenga na watu wake. Hilo nimelijua nikiwa na miaka sabini na moja, na nimelilia kuliko nilivyolia mazikoni.

Usidhani nilimwacha hivi hivi. Tulikwenda hospitali mimi na yeye, tukarudi, tukaenda tena. Daktari alisema ugonjwa umeshatawanyika, na kilichobaki ni kumpunguzia maumivu. Tulipotoka nikamwambia, "Mayasa, mwite mtoto." Akasema, "Akija ataiwacha filamu, na akiiwacha hatoishika tena, namjua. Mwache awaoneshe watu." Nikagombana naye barabarani mpaka watu wakatutazama. Hakubadilika. Ndipo nikaanza kukuandikia "njoo", maana alinikataza kusema ugonjwa, hakunikataza kukuita.

Kipande usikitoe. Nilikuomba ukitoe kwa sababu kilikuwa siri yake, na yeye mwenyewe alikitazama akakipenda, sasa sina haki nacho tena. Waache wakione.

Lipo moja ambalo si la kitandani. Alilifanya akiwa hai, mbele ya macho yangu, wala hakunikataza kulisema. Nimelizuia mpaka leo kwa kuwa nilijua litakuumiza, lakini kukuficha nimekwisha kuona matunda yake.

Siku tuliyoitazama filamu dukani kwa Amne, kilifika kipande kile ulichokiacha kirefu. Hakuna muziki, hakuna maneno, mkono umesimama tu. Mama yako akanivuta, akaninong'oneza kwenye sikio langu zima. "Kaona," akasema. Nikamwuliza nani kaona nini. "Mwanangu. Huoni alivyokiwacha? Kaona, hataki kusema tu. Ndo maana anakuja." Alikuwa analia na anacheka, na juisi yote ikammwagikia. Nassra, hakuogopa kwamba umejua. Alifurahi. Siku zote zile alikuficha, na kumbe alichokuwa akikitaka ni uone mwenyewe bila ya kuambiwa.

Tangu siku ile alikaa kukungoja. Alitaka hina, akasema hawezi kumpokea mgeni na mikono mitupu. Nilimtia mimi. Ilipoanza kufifia akataka tena, nikamtia tena, Jumapili ile, akahesabu kwamba ikifika Ijumaa itakuwa imekolea vizuri. Hina haitoki kwa maji ya mkunazi. Ameingia nayo.

Barua yako ya mwisho, ile ya pweza, ilinijia Jumatatu. Nikampelekea Kiembe Samaki. Alikuwa hawezi tena kukaa, macho tu ndiyo yaliyokuwa yake. Akaniuliza, "Kaandika nini? Kasema kama kaona?"

Nilikuwa nayo mkononi. Nilikuwa nimeshaisoma, na zile za kabla yake zote. Nilijua umeona mwanga na huruma, na kwamba mama yako hukumwona.

Nikamwambia, "Kasema."

Akafumba macho, akashukuru. Alfajiri ya Jumanne akaenda.

Na wewe pia nimekusitiri.

Mwalimu wako,
Mwanapili